Mshipi, nyavu ya kutega, taa za dagaa au mgono: ukishuka Kyela kuvua uanze na kipi?

Mpwa wangu wa Uyole kanipigia juzi. Kauza viazi, kapata kihela, anataka kushuka Kyela aingie ziwani, na swali lake lilikuwa moja tu: "Mjomba, ninunue nyavu au ninunue taa?" Nikamwambia mwanangu, hapo umeanzia katikati. Na sio yeye peke yake, kila mwaka mpunga ukishavunwa nawaona vijana wanashuka kutoka Tukuyu, Mbeya mjini, wengine mpaka Makete huko, mtu kashanunua kifaa ndo anakuja mwaloni, pale mitumbwi inapofikia ufukweni, kuuliza kinatumikaje na kama hapa kinafaa. Wengine wanaishia kukiuza kwa bei ya kutupa ili wapate nauli ya kurudi. Inaniuma, kwa sababu Ziwa Nyasa linaweza kumtunza mtu kabisa, mimi mwenyewe ada yangu ililipwa na samaki, ila kila njia ya kuvua ina mtu wake, ina sehemu yake na ina miezi yake.

Kwa hiyo nimeona nizipange hapa njia nne ambazo vijiji vyetu vya ufukweni vimezitumia miaka yote: mshipi, nyavu ya kutega, taa za dagaa na mgono, yaani mtego wa kusuka. Sitakwambia ipi ni bora kwa wote maana haipo. Nitazipima kwa mambo yaleyale, wewe utajiona uko wapi.

Vitu vya kupima kabla hujatoa hela

Mtaji ndo kila mtu anaanza nao, sawa, ila wengi wanahesabu bei ya dukani tu wanasahau matengenezo. Nyavu ikichanika leo kesho hauvui. Halafu kuna watu: unaweza kuvua peke yako au lazima uwe na kikosi, na kama ni kikosi, hela mnagawanaje. Muda nao, kwa sababu huku kwetu mvuvi mwingi ni mkulima pia, ana mpunga, ana kokoa, ana migomba, sasa njia inayokutaka usiku mzima itagombana na jembe. Angalia soko, yaani unauza samaki mbichi pale pale au unauza mkavu anayepanda gari mpaka Mbeya na Iringa. Hatari. Na mwisho ziwa lenyewe pamoja na sheria yake, hili nitalirudia kila mara na naomba usiliruke.

Kuna jambo moja nalitenga kwa sababu linabeba mengine yote, nalo ni mahali. Pwani ya Kyela ina sura mbili. Upande wa Itungi, Ngonga na huko ambako mito ya Songwe, Kiwira na Mbaka inaingia, ni tambarare, mchanga na matope, maji yanaongezeka kina polepole. Ukishafika Matema kuelekea Ikombe, Milima ya Livingstone imezama moja kwa moja majini, ni mawe tupu na ukipiga kasia mara chache tu chini yako hakuna mwisho unaouona. Ziwa hili kina chake kinafika kama mita 700, lakini samaki hawaishi huko chini, ukishapita mita 200 na kitu maji hayana oksijeni, kwa hiyo samaki wote tunaowagombania wako kwenye tabaka la juu. Ndo maana kwenye mchanga unatega, kwenye mawe unavua kwa mkono, na katikati ya ziwa unawaita kwa taa.

Na upepo. Mwera, ule upepo wa kusini, unashika kuanzia Mei mpaka Agosti hivi, unaweza kuvuma siku kadhaa mfululizo na mawimbi yake sio ya kuchezea. Sasa angalia vijana wanashuka lini: mpunga umevunwa, hela ipo mkononi, Juni. Yaani wanaingia ziwani kipindi ambacho hata wazee wanakaa wanashona nyavu. Mtu anapoteza wiki mbili hajagusa maji halafu anasema ziwa halina samaki.

Mshipi na ndoano

Mtaji: hakuna njia ya bei ndogo kama hii. Uzi, ndoano za saizi mbili tatu, risasi za kuzamishia, chambo unatafuta mwenyewe. Kinachokula hela ni mtumbwi, na mtumbwi wa kuanzia sio lazima ununue, wapo wazee wanaazimisha kwa makubaliano kwamba ukirudi unamtolea fungu lake. Usione aibu kuanza hivyo, ni heshima ya siku nyingi.

Watu na muda: uko peke yako au na mwenzako mmoja wa kushika kasia. Unatoka alfajiri, jua likiwa kali umesharudi, saa nne uko shambani. Kwa mkulima hakuna kinachokaa vizuri zaidi ya hiki.

Mahali: mshipi ni wa kwenye mawe. Wakisi wa Ikombe, wale ambao mama zao wanafinyanga vyungu tunavyonunua sokoni Lyulilo, hii ndo shule yao. Nyavu kule inanasa kwenye jiwe inachanika, uzi mmoja unapita.

Soko: unapata samaki wachache ila wakubwa na wabichi, na hapa ndo mbasa anapoingia. Mbasa akifika ufukweni hauhangaiki na mteja, wenye hoteli na watu wanaopita wanamgombania. Mbasa mkubwa anakula usipa, yaani dagaa wa Nyasa, kwa hiyo ukiona usipa wanarukaruka maji yanachemka jua na yeye yuko chini yao, mvuvi wa mshipi anafuata hilo kundi. Ubaya wake ni kwamba kuna asubuhi unarudi na samaki wawili. Kuna asubuhi unarudi na kasia tu. Kama una deni la kulipa kila Jumamosi, mshipi utakutesa.

Hatari: mtumbwi wa gogo moja ni mwembamba, unapinduka. Kama hujui kuogelea jifunze kwanza, wiki mbili tu, maji yapo ya kujifunzia. Na laifu jaketi vaa, usikalie kama mto.

Ziwa na sheria: ndo njia inayoumiza ziwa kidogo kuliko zote, samaki mdogo unamrudisha akiwa mzima. Leseni ya mvuvi bado unatakiwa uwe nayo, na chombo kiandikishwe.

Nyavu ya kutega

Hii ndo wengi wanaifikiria mtu akisema uvuvi. Unatega jioni, maboya juu risasi chini, inasimama kama ukuta, unarudi kuikagua alfajiri. Wanaonasa ni perege, kambale, na mchanganyiko wa wengine wa pale chini.

Mtaji wake ni wa kati, ila una tabia ya kukua. Unaanza na vipande viwili, unaona havitoshi, unaunganisha, halafu siku moja kiboko au mamba anapita katikati umebaki na matambara. Pale Mbaka unapoingia ziwani nimeona nyavu mpya ya siku tatu ikitolewa majini ikiwa nusu. Kwa hiyo mimi nasema hivi: ukiwa na hela ya vipande vinne, nunua viwili, hela nyingine weka ya uzi wa kushonea na vipande vya akiba. Na jifunze kushona mwenyewe, asiyejua kushona anamlipa fundi kila wiki mpaka faida yote inaishia huko.

Watu, wawili wanatosha. Muda wake mzuri, jioni kidogo na asubuhi kidogo, usiku unalala kwako. Ila usilale mpaka jua litoke, kwa sababu mbili: samaki akikaa kwenye nyavu muda mrefu maji yakipata joto analegea bei inashuka, na sababu ya pili ni wizi. Wizi wa nyavu upo jamani, tena anayeiba anaijua ratiba yako. Ndo maana watu wa mwalo mmoja wanatega karibukaribu na kukagua pamoja, mgeni akitega peke yake mbali anajitafutia.

Mahali ni upande wa mchanga na matope, karibu na mito lakini sio ndani ya mlango wa mto. Hapo nataka nikae kidogo.

Mvua zikishika na mito ikijaa, mbasa wanaacha ziwa wanapanda mitoni kutaga, wanatafuta maji yanayokimbia yenye kokoto. Mtu akiweka nyavu kwenye mlango wa mto kutoka ukingo mmoja mpaka mwingine, huyo hajavua samaki wa leo, kafunga mlango wa samaki wa miaka ijayo. Anapata wengi usiku mmoja, ndiyo, ni kama kuvuna. Lakini wazee wetu walikuwa wanamwona mbasa kila msimu hadi juu mitoni, leo mbasa yuko kwenye orodha ya dunia ya samaki walio hatarini kutoweka. Mimi nikimuona mtu anafunga mto siwezi kunyamaza, hata awe ndugu.

Perege nao wana lao. Mama perege wa ziwani kwetu anatunza mayai na watoto mdomoni, kwa hiyo hazai maelfu kwa maelfu kama samaki wengine, na ukivua wachanga idadi hairudi haraka. Majirani zetu Malawi walishaliona hilo kwenye Ziwa Malombe, pale mto Shire unapopita ukitoka Ziwa Nyasa: walivua kwa nyavu za matundu madogo, majani ya chini ya maji ambako samaki wanazalia yakaharibika, na kufikia miaka ya 1990 perege wao, wale wanaowaita chambo, wakawa wameporomoka kabisa. Kwa hiyo ukinunua nyavu usiulize bei kwanza, uliza tundu lina ukubwa gani, ulizia ofisi ya uvuvi au BMU, kikundi cha wavuvi kinachosimamia mwalo wako, kipimo kinachoruhusiwa. Na zile nyavu za plastiki za uzi mmoja unaong'aa, timba, achana nazo hata kama muuzaji anakwambia hazionekani majini. Zimekatazwa, zikikamatwa zinachomwa moto hela yako ikiwemo.

Soko lake ni la kila siku, wachuuzi wanakusubiri ufukweni asubuhi, unajua leo utakula na kesho utakula. Inamfaa mtu anayekaa kijijini moja kwa moja, mwenye mwenza wa kuaminika, anayetaka kipato kisichoruka sana juu wala chini.

Taa za dagaa

Usiku wa giza ukisimama Matema ukaangalia ziwani utadhani kuna mji umejengwa majini. Hao ni wavuvi wa usipa, dagaa wa Nyasa. Taa inavuta vidudu vidogo vya majini, usipa wanafuata vidudu, kundi likishajaa chini ya taa mnashusha nyavu ya matundu madogo mnawabeba. Zamani zilikuwa karabai za mafuta ya taa, siku hizi wengi wamehamia taa za betri na sola, na kwenye gharama za kila usiku mabadiliko hayo yamesaidia sana.

Mtaji hapa ni mkubwa, sidanganyi. Mitumbwi zaidi ya mmoja au boti, taa, betri, nyavu ndefu, injini kama mnaenda mbali, halafu chanja za kuanikia. Mtu mmoja mwenye mtaji wa kawaida haanzi hivi, anaingia kwenye kikosi kama mvuvi, au watu wanachanga. Mgao niliouzoea mwaloni kwetu ni kwamba gharama za usiku zinatolewa kwanza, kinachobaki kinagawanywa kati ya mwenye chombo na wavuvi. Ugomvi unaanzia kwenye "gharama", mwenye chombo anahesabu mpaka soda. Mimi nilifanya kazi msimu mzima kwenye chombo ambacho hesabu hazikuandikwa mahali, nikatoka na hela ya nauli na suruali moja, toka hapo nikasema kwanza daftari halafu kasia. Andikeni kila kitu, kila asubuhi, mbele ya wote.

Muda wenyewe unakula usiku wote, na mchana unatakiwa ulale. Lakini mbalamwezi ikiwa kubwa taa haina nguvu, kwa hiyo kila mwezi mna siku za kukaa nchi kavu, na wengi wanazitumia shambani. Mkulima mwenye mke au ndugu wa kusimamia shamba anaweza kuunganisha, ambaye yuko peke yake atapoteza kimoja.

Soko, hapa ndo taa inawashinda wenzake. Dagaa mkavu hana haraka, unajaza gunia, gari linapanda Tukuyu, Mbeya, linafika Iringa na zaidi. Ila kukausha kunataka jua, na sisi Kyela mvua ya Machi mpaka Mei inajulikana. Dagaa waliolowa siku mbili wanabadilika rangi na harufu, bei inaanguka mpaka ya chakula cha kuku. Anayeanika chini mchangani pia anapoteza, mteja wa mjini akihisi mchanga mdomoni hakurudii. Chanja ya juu, jua kali, geuza, basi.

Na usipa hana ahadi. Anaishi kama mwaka mmoja tu, anakua haraka na kuzaa haraka, kwa hiyo kuna mwaka anajaa watu wanakosa pa kuanika na mwaka unaofuata taa zinawaka bure. Faida yake ni kwamba huyu samaki anavumilia kuvuliwa kuliko perege au mbasa, akipumzishwa anarudi upesi. Hasara yake ni wewe uliyekopa ukitegemea mwaka wa neema uendelee. Tena nyavu ya dagaa ukiiburuza ufukweni kwenye maji mafupi haibagui, inazoa watoto wa kila aina, kwa hiyo mahali pake ni maji ya kina tu.

Hatari ni kubwa kuliko zote kwa sababu uko mbali, usiku, mmechoka. Mwera ukianza usiku hauoni wimbi linatokea wapi. Kikosi kisicho na laifu jaketi kwa kila mtu usipande hata kama wanalipa vizuri.

Mgono

Mgono ni mtego wa kusuka, mdomo mpana, ndani umewekewa miba ya fito inayomruhusu samaki kuingia ila hatoki. Wenzetu wa bahari huko Tanga na Mafia wana ndugu yake wanaita dema, wanaushusha kwenye matumbawe. Huku kwetu tunauweka kwenye vijito, mifereji na mashamba ya mpunga yaliyofurika, anaingia kambale na samaki wadogowadogo.

Mtaji karibu hakuna, ukijua kusuka ni kisu na fito. Hauhitaji mtumbwi wala mwenzako. Unaukagua ukienda shambani. Kwa soko usitegemee, ni kitoweo cha nyumbani na kidogo cha kumuuzia jirani, na msimu wake ni wa mafuriko tu. Hatari ni mamba na nyoka, usiingize mkono mahali hupaoni. Kwa ziwa hauna shida ilimradi usijenge uzio wa kuziba kijito kizima, hapo tunarudi kwenye kesi ya mbasa. Unamfaa mama mwenye shamba bondeni, mzee ambaye hawezi tena kasia, kijana wa shule.

Zile ambazo sijazipa nafasi

Kokoro ya kuvuta ufukweni, chandarua, utupa wa kulewesha samaki. Najua zipo na najua nani anazitumia. Sizilinganishi kwa sababu sheria imezikataza, na hata kama isingekataza, chandarua kinabeba vifaranga ambao wangekuwa kilo za mwakani, na utupa unaua kila kinachopumua kwenye kijito. Mtu akikushawishi kwa hizi anakupa hela ya mwezi mmoja na uadui wa kijiji kizima.

Sasa wewe uko wapi

Una hela ndogo na una shamba: anza na mshipi kwenye mtumbwi wa kuazima, na weka migono miwili bondeni kipindi cha mvua. Msimu mmoja utakuwa umelijua ziwa bila deni.

Umehamia kijijini moja kwa moja, uko upande wa Itungi au Ngonga, na una mtu unayemwamini: nyavu ya kutega, vipande vichache, tundu halali. Ukiwa upande wa Ikombe na mawe yake nyavu hiyohiyo itakufilisi.

Una nguvu, hauna hela, hauna familia inayokusubiri usiku: ingia kikosi cha dagaa kama mvuvi, ila uliza mgao kabla ya kupanda, na muulize mvuvi aliyeacha kazi hapo, sio aliyepo.

Mko watano sita, mnafahamiana na mna daftari: changeni mtaji wa taa. Nunueni baada ya mwera kutulia, Septemba hivi, ili jua la kiangazi liwakute na samaki wa kuanika, msinunue Aprili.

Una mtaji lakini wewe sio mtu wa majini, na hapa nawasema hasa akina mama wa Mbeya wanaoniuliza: sio lazima umiliki chombo. Nunua usipa mbichi ufukweni, miliki chanja nzuri na turubai la mvua, kausha mwenyewe, peleka masoko ya Mbeya, Sido au Mwanjelwa.

Na kama umeshuka leo haumjui mtu yeyote, usiende ziwani. Nenda kwa mwenyekiti wa BMU wa mwalo huo, jitambulishe, mwambie umetoka wapi na unataka kuvua nini, kaa wiki moja usaidie kuvuta mitumbwi na kukung'uta nyavu. Mpwa wangu nimemwambia hivyohivyo, viazi vyake kaviuza mwezi wa sita, hela iko benki, anakuja Septemba. Mtumbwi wa kuazima nimeshamwombea kwa mzee mmoja hapa jirani, fungu la mzee ni samaki mmoja kwa kila watano.